Kaa Hapo Nipime Mwanga

Kimya kimekuwa kirefu, naomba radhi. Kazi za gazeti zinakula muda na pumzi pia. Leo sina siasa wala bei ya mafuta. Nataka tuongee filamu, ila si zile zinazotusubirisha foleni ya tiketi, na nitaanzia mahali ambapo wengi wenu hamjafika: Kapalamsenga.

Kwa wasiopajua, Kapalamsenga ipo mkoani Katavi, wilaya ya Tanganyika, upande wa kuelekea ziwani. Ukitoka Mpanda mjini unakula vumbi la kutosha kabla hujafika, na wakati wa masika unakula tope. Kule kuna shaba. Na palipo na shaba, si unajua tena, kuna malori, bodaboda, kaanga chipsi, na vijana wa kila kabila wanaosema wamekuja "kuangalia angalia". Mimi nilitumwa kuandika habari za hiyo shaba. Nilipofika nikamkuta rafiki yangu niliyesoma naye sekondari. Jina lake nitalihifadhi. Alikuwa amejichimbia huko akichora mabango ya saluni, ya kinyozi na ya duka la dawa. Ukuta wa kibanda umiza kimoja alikuwa amechora komandoo mwenye misuli mpaka shingoni na bunduki iliyopinda kidogo, kwa sababu ukuta wenyewe ulikuwa na nundu pale mtutu ulipotakiwa kupita.

Siku hiyo nilikuwa na mahojiano na mtu mmoja mzito kidogo, na nilitaka video yake itoke safi. Nikamwambia rafiki yangu: "Mwanangu, kaa hapo nipime mwanga." Akakaa juu ya ndoo ya rangi, simu ikiwa kwenye miguu mitatu. Mwanzo alicheka. Kisha akaona simchekei, nahangaika na mipangilio, naye akaacha kucheka. Akajifuta rangi kidoleni, akaitazama lenzi moja kwa moja, akatulia. Uso ukabadilika. Kama dakika moja hivi, haifiki mbili. Halafu akauliza, "Imetosha?" Nikajibu imetosha. Yule mtu mzito akafika, tukaendelea na kazi.

Baadaye ndipo nilipokuja kujua kwamba kitu nilichokifanya kwa bahati tu, wenzetu walikifanya kwa makusudi miaka mingi iliyopita, na leo kimehifadhiwa kwenye majumba ya makumbusho.

Mnamjua Andy Warhol, yule Mmarekani wa makopo ya supu. Kati ya 1964 na 1966, kwenye karakana yake ya New York iliyoitwa Factory, mtu aliyempitia na kumpendeza aliwekwa kwenye kiti, taa ikawashwa, kamera ikafunguliwa. Kamera ilikuwa Bolex ya milimita 16, isiyorekodi sauti, na mkanda wake wa futi 100 unaisha baada ya dakika tatu kasoro. Mwanzoni masharti yalikuwa magumu: usitikisike, usiongee, ikiwezekana usipepese macho. Zilipigwa kwa fremu 24 kwa sekunde lakini zikaonyeshwa kwa 16, kwa hiyo dakika tatu kasoro zinakuwa nne na kitu, na mtu anaonekana mzito kama yuko chini ya maji. Zimebaki 472. Bob Dylan alikaa pale, Susan Sontag alikaa, Salvador Dalí alikaa, na walikaa wengi ambao leo hatuwajui kwa lolote jingine ila kukaa kule. Kuna dada mmoja, Ann Buchanan, mwaka 1964 alishika sharti la kutopepesa macho mpaka machozi yakaanza kumtiririka mashavuni, uso umetulia tuli. Hakuna kilichomliza. Ni macho tu yalichoka. Lakini ukitazama unajikuta unatafuta sababu, unambebesha misiba yako mwenyewe.

Filamu hizo zinaitwa Screen Tests, yaani majaribio ya mtu mbele ya kamera. Na sisi kwa Kiswahili aina hii yote ya filamu zisizo na hadithi tunaiita filamu za majaribio. Kwa hiyo pale Kapalamsenga mimi nilikuwa ndani ya historia kabisa, ila sikuwa na taarifa.

Niseme ukweli, Warhol ananipa ubaridi. Anawatazama watu kama mtu anayesubiri maji yachemke. Ninayemkubali zaidi ni Gregory Markopoulos, Mmarekani mwenye asili ya Ugiriki, aliyetoa Galaxie mwaka 1966. Humo kuna watu wengi, wachoraji, washairi, watengeneza filamu, wengi wao watu wa mzunguko wake: W. H. Auden yumo, Jasper Johns yumo, Allen Ginsberg yumo. Alikuwa anawafuata walipo, wakiwa na vitu vyao wanavyovipenda, na kuhariri alihariri humo humo ndani ya kamera. Anapiga kidogo, anarudisha mkanda nyuma, anapiga tena juu yake, hivyo uso wa mtu unakaa juu ya kitabu chake au juu ya mkono wake mwenyewe. Ukikosea umekosea, hakuna kurekebisha mezani. Na kuna Jonas Mekas, mkimbizi wa Lithuania aliyeingia New York mwaka 1949, akapata Bolex yake, na hakuacha kurekodi karibu mpaka anafariki mwaka 2019. Filamu yake Walden ya mwaka 1969 ina urefu wa saa tatu hivi: harusi za marafiki, theluji, watu wanakula, watu wanapunga mkono. Ukimwangalia Mekas unamwona yule mjomba aliyekabidhiwa kamera kwenye sherehe ya familia, isipokuwa huyu mjomba ana jicho.

Niliwaeleza haya jamaa zangu kijiweni. Mmoja akanikata: "Sasa kaka, mtu anakaa kimya anaangalia kamera, hiyo si paspoti saizi ya video?" Tukacheka wote. Swali lake lakini sikulisahau.

Kwa sababu ukiangalia historia ya kamera ya sinema hapa kwetu, mtu mweusi hakuwekwa mbele yake ili atazamwe. Aliwekwa ili afundishe. Kuanzia 1935 hadi 1937, pale Vugiri kwenye milima ya Usambara, Waingereza waliendesha mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment. Zikatengenezwa filamu 35, zikapakiwa kwenye lori pamoja na mashine ya kuonyeshea, zikazungushwa Tanganyika, Kenya, Uganda na hadi Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Mada ni afya, kilimo, kuweka fedha. Moja inahusu benki ya akiba ya posta: mtu mmoja anafukia pesa zake chini, anaibiwa, mwenzake amezipeleka posta, zake ziko salama. Waigizaji ni watu wetu, lakini nyuso zao zimegawanywa mapema, huyu mjinga na huyu mwerevu. Na tazameni jina la mradi. Limebeba neno lile lile, jaribio! Ila hapa kilichojaribiwa si filamu. Waliojaribiwa ni watazamaji.

Baada ya uhuru, mwaka 1968, tukapata Tanzania Film Company. Sitaki kuibeza, ilifanya kazi kubwa kwa vifaa vichache. Lakini nayo ilikuwa na taifa la kujenga, na kwenye ujenzi kila uso unakuwa wa mtu fulani wa jumla: mkulima, mwanafunzi, mwananchi. Mimi mwenyewe ni mjukuu wa utaratibu huo. Kwenye video ya habari mtu wangu anapata sekunde nane, chini kuna jina na cheo, akimaliza sentensi tunakata. Hatuna pa kuweka ile sehemu ambayo mtu amemaliza kusema na bado yupo.

Ndiyo maana nilipoanza kutafuta mahali ambapo watu wetu walipigwa filamu kama watu, macho yalienda ng'ambo ya ziwa. Na huko nikaikuta tena shaba.

Katanga, wadau, kuanzia 1971 mpaka 1997 iliitwa Shaba. Neno letu kabisa, Mobutu aliligeuza jina la mkoa. Makao yake makuu, Lubumbashi, ni mji wa Kiswahili, Kiswahili chenye ladha yake ambacho Mtanzania akikisikia anatabasamu kwanza halafu anaanza kuomba arudiwe. Mji huo ulilelewa na kampuni ya Union Minière, iliyoanzishwa mwaka 1906. Serikali ilipoitaifisha ikaja kuwa Gécamines, na kwa familia nyingi Gécamines ilikuwa mshahara, shule, hospitali na unga wa kila mwezi. Miaka ya 1990 ikaporomoka. Mabohari yakabaki, mitambo ikabaki, watu wakasambaa.

Mji ule ulikuwa na desturi ya kujitazama hata kabla ya hapo. Mwaka 1973 na 1974 mchoraji Tshibumba Kanda-Matulu alikuwa akimpelekea Johannes Fabian, mtaalamu wa anthropolojia aliyekuwa akifundisha Lubumbashi, picha za kuchora za historia nzima ya nchi yake, zaidi ya 100. Kila alipoleta picha walikaa wakaongea, kwa Kiswahili, tepu ikizunguka. Kitabu kilichotokana na mazungumzo hayo kilitoka mwaka 1996. Tshibumba mwenyewe alipotea mwanzoni mwa miaka ya 1980. Filamu haikuwepo hapo, nakubali. Lakini kilichohifadhiwa ni msanii akiongea na mtu anayemsikiliza bila kuangalia saa, na kwangu hiyo ndiyo nusu ya kazi yenyewe.

Nusu nyingine aliifanya Sammy Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi wa mwaka 1978. Wengi wanamjua kwa picha zake za kuunganisha: anachukua wafanyakazi wa Union Minière kutoka kwenye picha za zamani za kampuni, wamesimama mstari mmoja, anawaweka mbele ya magofu ya Gécamines ya leo. Mfululizo huo unaitwa Mémoire. Lakini mwaka 2006 alitengeneza pia video yenye jina hilo hilo, na humo yuko msanii mwenzake Faustin Linyekula.

Huyu Linyekula si mgeni Afrika Mashariki. Mwaka 1997 alikuwa Nairobi, ambapo yeye na Opiyo Okach na Afrah Tenambergen walianzisha Gàara, kundi la dansi la kisasa la mwanzo kabisa Kenya. Mwaka 2001 akarudi Kongo akaanzisha Studios Kabako jijini Kinshasa, baadaye akazihamishia Kisangani. Kwa hiyo mtu anayeingia kwenye gofu la Gécamines mbele ya kamera ya Baloji ni mtu aliyetoka nchini akiwa kijana na kurudi akakuta hivi vilivyobaki.

Na anachofanya ni kucheza. Peke yake, katikati ya mabohari na vyuma vilivyooza, huku sauti za viongozi wa Kongo kutoka kwenye rekodi zikipita juu yake na ahadi zao. Hakuna anayesimulia. Hakuna maandishi yanayosema huyu ni nani na ana umri gani. Mwili wake unazisikia hotuba zile kwa namna ambayo mgongo na magoti ya mtu husikia. Wataalamu wameandika mengi kuhusu kazi hii, kwamba ni juu ya ukoloni, kumbukumbu, viwanda. Sawa. Ila naomba niongeze moja dogo ambalo naliona linasahaulika: ni msanii wa miaka ishirini na kitu anamtazama msanii wa miaka thelathini na kitu akifanya kazi, na hamharakishi. Magofu tungeweza kuyapata kwa mwandishi yeyote mwenye kamera. Uvumilivu ule wa kumwacha mtu amalize, huo hatungeupata.

Miaka miwili baadaye Baloji na wenzake wakaanzisha Lubumbashi maonyesho ya kila baada ya miaka miwili na kuyapa jina la Picha. Nalipenda jina hilo. Wazee wetu walikuwa wanasema "tunaenda kuona picha" wakimaanisha sinema, na mpaka leo picha ni ile ya ukutani, ya kwenye simu na ya kuchorwa, vyote sawa. Kiswahili hakikutenganisha uso uliotulia na uso unaotembea. Mwaka 2017 Baloji alirudi tena kwenye shaba na filamu Tales of the Copper Cross Garden, ndani ya kiwanda ambamo shaba inavutwa kuwa nyaya, ikiambatana na kumbukumbu ya kwaya ya watoto wa misheni. Misalaba ya shaba ndiyo iliyokuwa fedha ya Katanga zamani, kabla ya kampuni, kabla ya posta ya akiba.

Na sisi huku? Mwaka ule ule wa 2006 ilitoka As Old as My Tongue ya Andy Jones, kuhusu Bi Kidude wa Zanzibar, aliyefariki Aprili 2013. Ni filamu nzuri, mbishi yule bibi anaijaza skrini bila kuombwa, lakini ni simulizi ya maisha yenye mwanzo na mwendo, si hiki ninachokitafuta. Karibu zaidi yupo Rehema Chachage, mzaliwa wa Dar es Salaam wa mwaka 1987, aliyesoma sanaa Chuo Kikuu cha Cape Town. Baba yake ni yule Profesa Seithy Chachage, mwandishi wa Makuadi wa Soko Huria, aliyefariki mwaka 2006. (Mwaka huo unanifuata tu, mimi nilikuwa darasa la kwanza.) Kazi nyingi za Rehema za video, sauti na maandishi amezifanya akishirikiana na mama yake, Demere Kitunga, ambaye ni mwandishi na mchapishaji, na bibi yake. Yaani amebadilisha kabisa mpangilio. Mpiga picha hayuko upande mmoja na anayepigwa upande wa pili. Mama anaandika, bibi anasimulia, mtoto anarekodi na kuingia mwenyewe kwenye fremu. Warhol angewakalisha kwenye kiti mmoja mmoja.

Yupo na Zarina Bhimji, aliyezaliwa Mbarara, Uganda, mwaka 1963, familia yake ikaondoka nchini katika ile kadhia ya Amin na Wahindi. Filamu yake Out of Blue ya mwaka 2002 imepigwa Uganda na ina urefu wa dakika 24: majengo, kuta, vyumba, uwanja wa ndege. Watu hakuna. Sauti zipo, wao hawapo. Mara ya kwanza nilipoitazama nilichoka baada ya dakika tano nikafunga kompyuta. Nikasema huyu dada anatania, ananionyesha plasta imebanduka.

Niliirudia mwaka jana, na sababu yake ni hii.

Rafiki yangu wa Kapalamsenga aliugua ghafla. Nilipata simu kutoka kwa kaka yake usiku, na kufika Mpanda nilikuta tumeshachelewa wote. Kesho yake kaka mtu akanifuata, kwa heshima tu, akaniuliza: "Mdogo wangu, wewe ni mtu wa makamera. Huna picha yake nzuri tukaiweka mbele?" Nikatoa simu nikiwa na uhakika. Nikatafuta. Nikakuta yule mtu mzito wa mahojiano yupo, dakika 22, zimehifadhiwa sehemu mbili. Jaribio la mwanga nililifuta mwenyewe. Nakumbuka hadi nilipolifutia, kwenye basi, simu ilikuwa imejaa na nilitaka kupakua mechi.

Kwa hiyo msibani tulitumia paspoti saizi aliyopiga kwa ajili ya kitambulisho. Ilikuzwa studio mpaka nyuma yake ya bluu ikawa inameguka vipande vipande. Sura ya mtu aliyeambiwa kunja ngumi chini, inua kidevu, usicheke. Waliomjua walikuwa wanaitazama na kugeuka pembeni. Nikamkumbuka yule jamaa wa kijiweni. Kaka, hapana, si kitu kimoja. Paspoti inachukua sekunde ambayo mtu anaitii kamera. Ile dakika ya kwenye ndoo ilianzia pale alipoacha kuitii.

Baada ya arobaini nilirudi Kapalamsenga kwa nauli yangu, bila habari ya kuandika. Kile kibanda umiza bado kinafanya kazi. Mwenyewe aliniambia kuna mtu alitaka kupaka ukuta ule rangi ya kampuni ya simu, wakashindwana bei. Nikaweka simu kwenye miguu mitatu, usawa wa mtu aliyekaa juu ya ndoo, nikaiacha irekodi dakika nne. Komandoo, bunduki iliyopinda, rangi imeanza kubanduka kwenye bega la kushoto. Anapita mbuzi mmoja. Inapita bodaboda, abiria anageuka kuniangalia. Dakika ya tatu mtoto anasimama mbele ya ukuta, ananyoosha mkono na kugusa mtutu pale penye nundu, kisha anaitazama kamera, ananiuliza kama nimeshaanza.